Kumbuni Mvushaji wa Mapito: Mwongozo Kamili kwa Waandishi wa Hadithi za Nyanda za Juu Kusini

Mwandishi akiniletea hadithi ya mtu anayejua njia zisizoonekana, huwa namuuliza kwanza: huyu anatoza shilingi ngapi? Wengi hukwama hapo hapo. Wameshamvika joho, wamempa fimbo inayong'aa na unabii wa miaka elfu, ila hawajui mteja analipa kabla ya safari au akishafika, wala mzigo ukipotea nani anadaiwa. Mhusika anabaki pambo. Anatokea penye shida, anafungua njia, anatoweka.

Hapa tutamjenga kama mtu wa kazi. Nimemwita mvushaji, na njia anazopitisha watu nimeziita mapito. Wavushaji na mapito ni vitu vya kubuni tupu. Ila mito, reli, mawe na maziwa nitakayoyataja yapo, na unaweza kupanda basi ukayaangalie. Nimechagua Mbeya, Rungwe, Iringa na majirani zao kwa sababu ardhi ya huku imeshatunga nusu ya kanuni unazohitaji. Ukiitumia vizuri, utabuni kidogo na msomaji ataamini zaidi. Mwongozo unafaa kwa riwaya, katuni au mchezo wa mezani.

Hatua ya 1: Anza na mito, uchawi utafuata

Chukua ramani inayoonyesha mito na uweke kidole Mbeya. Hapo ndipo mikono mitatu ya Bonde la Ufa inapokutana: wa Rukwa upande wa kaskazini-magharibi, wa Nyasa upande wa kusini-mashariki, na wa Usangu upande wa kaskazini-mashariki. Kwa hiyo mvua inayonyesha kwenye milima ile ile inagawana safari tatu.

Maji ya Usangu yanaingia Ruaha Mkuu, yanapita Mtera na Kidatu, yanaungana na Rufiji na kumwagika Bahari ya Hindi. Maji ya Rungwe na Kyela yanateremka na Kiwira na mito mingine hadi Ziwa Nyasa, yanatoka na mto Shire, yanaingia Zambezi, na kufika bahari ile ile lakini huko Msumbiji. Maji ya magharibi yanaingia Ziwa Rukwa, na Ziwa Rukwa halina mto unaotoka. Yakifika hapo, yamefika.

Sasa weka kanuni moja tu: mapito yanafuata maji. Tayari una mitandao mitatu yenye tabia tatu, na hujaandika neno lolote la kichawi. Kushuka ni rahisi na ni nafuu. Kupanda kunachosha mvushaji, kwa hiyo ni ghali. Mtandao wa Rufiji na ule wa Nyasa yote inafika baharini, lakini haikutani njiani. Mtandao wa Rukwa una mlango wa kuingilia na hauna wa kutokea mbele. Utarudi ulikotoka au utabaki. Fikiria ni wateja gani watapenda huduma ya Rukwa: wanaokimbia madeni, wanaoficha vitu, na wale ambao hawataki kufuatwa. Fikiria pia mvushaji mwaminifu wa Rukwa lazima awe na kanuni gani. Mimi ningemlazimisha apokee nauli ya kurudi kabla ya kuondoka, ailaze kwa mtu wa tatu.

Kanuni hiyo inazaa nyingine bila kuitafuta: hakuna pito linalovuka mgongo wa mlima. Mteja anayetoka Tukuyu kwenda Usangu atapanda kwa pito mpaka karibu na kilele cha Uporoto, atatoka nje, na atavuka kwa miguu au kwa Coaster kama abiria mwingine, kisha aingie tena upande wa pili. Waandishi wengi wangefuta kipande hicho kwa sababu kinavunja fahari. Kiache. Mtu aliyetoka kwenye njia za siri na sasa anabanana na kuku kwenye Coaster, huku kondakta akimdai chenji, anaaminika kuliko anayeruka toka jumba moja la ajabu hadi jingine.

Kuna mtego mmoja wa kweli ambao sijaona mwandishi akiutumia. Mito yenye jina Songwe iko miwili. Mmoja unakwenda Ziwa Rukwa. Mwingine uko mpakani na Malawi na unakwenda Ziwa Nyasa. Ongeza Mkoa wa Songwe, uliomegwa kutoka Mbeya mwaka 2016, na uwanja wa ndege wa Songwe, ambao uko Mkoa wa Mbeya. Mteja mwenye haraka akisema tu "nipeleke Songwe" na mvushaji asiulize ipi, wote wawili wanaweza kujikuta upande wa maji yasiyotoka.

Hatua ya 2: Chagua milango michache

Milango ikiwa kila kona, hakuna anayehitaji mvushaji. Mitatu au minne inatosha kwa kitabu kizima, na kila mmoja uwe na sababu ya kuwa pale ulipo.

Mlango wangu wa kwanza ungekuwa Kiwira. Kwenye Daraja la Mungu, lava iliyopoa imeacha upinde wa mwamba juu ya mto, watu wanapita juu na maji yanapita chini. Kwenye mto huo huo kuna Kijungu, ambapo maji yote yanaingia kwenye shimo la mwamba, yanapotea machoni, kisha yanatokea tena mbele. Huhitaji kubuni mlango hapo. Buni tu ni nini kinachowezekana kutokea kati ya kupotea na kutokea. Kama maji yanatumia dakika chache, je, mtu anatumia muda gani? Jibu lako la swali hili litaamua aina ya hadithi yako, kwa hiyo liandike kabla ya sura ya kwanza na usilibadilishe kwa ajili ya kumwokoa mhusika.

Ziwa Ngozi ni jambo jingine. Ni ziwa lililo ndani ya kreta ya volkano, kuta zake zimefunikwa na msitu, na hakuna mto unaoonekana ukitoka. Kwa kanuni yetu maana yake halimo katika mtandao wowote. Wengi huliandika kama lango kuu la mizimu, na simulizi za namna hiyo zimejaa. Mimi ningelifanya mahali ambapo wavushaji wote wamekubaliana kutofanya kazi, na nisingeeleza kwa nini mpaka nusu ya pili ya kitabu.

Isimila, nje kidogo ya Iringa, ina nguzo ndefu za udongo zilizochongwa na mmomonyoko, na zana za mawe zilizoachwa na watu wa kale sana. Kwa kuwa mvua inaendelea kulila bonde hilo, mlango wake unahama kila masika, na ramani ya mwaka jana haifai. Gangilonga, jiwe la pale Iringa mjini ambalo wenyeji husema linaongea, litakufaa kama posta ya wavushaji: hakuna anayepita, ila ujumbe unaachwa.

Hatua ya 3: Fanya mitandao isilingane

Hapa somo lako liko kwenye reli. TAZARA ilijengwa kati ya 1970 na 1975 kwa msaada wa China, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, Zambia, ikipita Makambako na Mbeya. Upana wake ni milimita 1,067, sawa na reli za Zambia. Reli ya Kati ya zamani ina milimita 1,000. Tofauti ni milimita 67, kama vidole vinne hivi, na vidole hivyo vinatosha kuzuia behewa la huku lisiendelee kule. Mzigo lazima uhamishwe, na Kidatu ndipo palipowekwa kituo cha kuhamishia.

Wape wavushaji wako vidole vinne vyao. Mfano: mapito ya Nyasa yanamkubali anayeimba, na akinyamaza yanajifunga, mapito ya Usangu yanataka kimya, na sauti inayapotosha. Mvushaji aliyelelewa upande mmoja ana tabia za mwili ambazo upande wa pili zitamuua. Kwa hiyo kila anayesafiri mbali anakabidhiwa kwa mvushaji mwingine, kwa stakabadhi, mbele ya shahidi. Kituo hicho cha makabidhiano kikishakuwepo, mambo yanajileta yenyewe: wapiga debe, mama ntilie, mzigo uliochanganywa, mteja aliyekabidhiwa akiwa na hali moja na kupokelewa akiwa na nyingine, na ugomvi wa nani alaumiwe.

Hatua ya 4: Zana zake ziwe za duka la kawaida

Kibatari. Ardhi ya Rungwe inatoa hewa ya kaboni dioksaidi kwa wingi kiasi kwamba inavunwa na kuuzwa viwandani, vikiwemo vya vinywaji. Hewa hiyo ni nzito kuliko hewa ya kawaida, haina rangi, na hujikusanya mabondeni na mashimoni. Mnyama mdogo akiingia hapo anaweza kufa bila jeraha. Mvushaji wako basi anatembea na kibatari akikishika chini, usawa wa goti, na tingo wake, yaani msaidizi, amekatazwa kuinama kufunga kamba za viatu. Moto ukinywea, wanageuka. (Huu ni ufundi wa hadithini. Kwenye maisha halisi usitegemee moto kukuonya. Hewa hiyo inaweza kukudhuru kabla haujazimika.)

Ulanzi. Saa za mkononi zimesimama ndani ya mapito, tuseme hivyo. Mvushaji wa Iringa anachukua kibuyu cha ulanzi, pombe ya mwanzi, uliogemwa asubuhi. Ukiwa mbichi ni mtamu, ukikaa unachachuka na kuwa mkali. Kila kituo anaonja tone moja, anatema, anajua muda uliopita. Napenda kifaa hiki kwa sababu kina udhaifu mzuri: mwanzi hugemwa msimu wa mvua, kwa hiyo kiangazi saa hiyo haipo. Pia kuna mvushaji ambaye hatemi.

Dira usimpe. Au mpe, halafu mpeleke Mbozi. Pale kuna kimondo cha takriban tani 16, chuma na nikeli, kilichofahamika kwa wanasayansi mwaka 1930. Sindano ya dira ikisogezwa karibu na donge la chuma kama lile haiaminiki tena. Na kwa kuwa kilitoka angani, hakifuati maji ya mtu yeyote. Sheria za mitandao yote mitatu zikome hatua chache kabla ya kukifikia.

Kamba ya mkonge, chumvi, tochi yenye betri za akiba. Inatosha.

Hatua ya 5: Bei, stendi na mzigo

Hii ndiyo hatua inayorukwa, nami naipa uzito kuliko zote. Panga mambo manne: nani anapanga foleni ya wateja, bei ya kushuka na ya kupanda, mzigo usioruhusiwa, na fidia. Stendi nzuri kwa mtandao wa Rufiji ni Chimala. Barabara ya kupanda Matamba inaanzia pale, ile yenye kona 57, na viazi vya Makete vinateremka nayo. Kuna watu, kuna magunia, kuna ugomvi wa bei usiohitaji kubuniwa.

Usieleze bei kwa maelezo. Ziweke midomoni mwa watu:

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Iringa shilingi ngapi?"

"Mjini kabisa, au unashukia makutano?"

"Mjini, Kihesa. Saa nne wanakuja watu wa mahari, na mimi ndiye mama wa binti."

"Kushuka na Ruaha Mkuu mpaka makutano, elfu nane. Pale tunaanza kupanda Ruaha Mdogo. Hiyo elfu ishirini na mbili."

"Ishirini na mbili! Kwani unanibeba mgongoni?"

"Ni kama hivyo, mama. Na hilo gunia?"

"Viazi. Vya wageni."

"Hiyo lumbesa, hatuingii nayo. Tuipunguze, au ipande basi peke yake."

"Nimeshona mwenyewe usiku kucha."

"Mshono nauona, mama. Ndio unaonitisha."

Angalia kazi iliyofanywa na mistari hiyo michache. Msomaji ameshajua kwamba kupanda ni ghali, kwamba mapito yanafuata mito, kwamba mzigo uliovimba ni hatari, na kwamba mvushaji ni kijana mwenye adabu anayeogopa kitu fulani. Hakuna aya hata moja ya "tangu enzi na enzi". Lumbesa tunaijua sote kama dhuluma ya sokoni: gunia linajazwa kupita kipimo, linashonewa kilemba, mkulima analipwa kama ni gunia moja. Ndani ya mapito mpe mkulima haki yake. Pito lipime uzito wa kweli, na anayedanganya kipimo aachwe njiani na mzigo wake.

Fidia iwe wazi. Mteja akichelewa, anarudishiwa nusu. Akifika mahali pengine, anarudishwa bure. Asipofika, mvushaji anailisha familia ya mteja mpaka mtoto wa mwisho atakapojitegemea. Sharti hilo la tatu peke yake linaweza kubeba riwaya.

Hatua ya 6: Tingo

Kila mvushaji alianza kama tingo, kama wale wa malori ya barabara ya Zambia. Tingo anabeba, analala kwenye mzigo, anapika, anatukanwa. Haruhusiwi kuongoza. Mtihani wake wa kwanza uwe wa mwili: kwa Chimala, kushuka kona 57 usiku bila tochi akizihesabu kwa nyayo. Akisema 56, anarudia kesho. Miaka ya mafunzo weka mwenyewe, ila usimfanye mteule aliyezaliwa na alama mgongoni. Uteule unaua thamani ya ufundi, na hii ni hadithi ya ufundi.

Wasomi na serikali wa hadithi yako wanawachukuliaje watu hawa? Kisa cha kipunji kitakusaidia. Wawindaji wa kuzunguka mlima Rungwe walimfahamu kima huyo kwa jina na kwa mlio wake. Watafiti walipoanza kusimuliwa habari zake hawakuwa na hakika kama ni mnyama au ni ngano. Walimwona mwaka 2003, wakamtangaza duniani mwaka 2005, na mwaka uliofuata akapewa jenasi yake peke yake, Rungwecebus. Kwa hiyo mtafiti wako asiwe mjinga wala adui. Awe mtu mwangalifu ambaye daftari lake bado halina safu ya kuandikia anachoambiwa.

Hatua ya 7: Kalenda

Mvua za huku huanza karibu na Novemba au Desemba na kwenda mpaka Aprili au Mei. Huo ndio msimu wa kazi: mito imejaa, ulanzi upo, na Kitulo, uwanda wa maua, imechanua. Juni hadi Agosti ni baridi, na huko Kitulo na Makete jivu jeupe la barafu hulala kwenye majani alfajiri.

Kiangazi ndiyo penye hadithi. Tangu 1993 Ruaha Mkuu umekuwa ukikauka sehemu ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha kwa wiki au miezi, na kilimo cha umwagiliaji huko Usangu ni sababu mojawapo inayotajwa sana. Kwa kanuni yetu, mto ukikatika, pito linakatika. Waliomo ndani? Wakulima wa mpunga wanataka maji yao, wavushaji wanataka mto uendelee kutiririka, na pande zote mbili zina watoto wa kusomesha. Usimtafute mwovu hapa. Huna haja naye.

Hatua ya 8: Vitu vya kutogusa

Mvushaji asiwe mganga, na asitumie kiungo chochote cha binadamu au mnyama. Watu wenye ualbino wameuawa na kukatwa viungo katika nchi hii kwa imani za namna hiyo. Hadithi isiirudishe imani hiyo kwa mlango wa nyuma, hata kama mwishoni mhalifu anaadhibiwa.

Fuvu la Mkwawa, chifu wa Wahehe, lilirudishwa mwaka 1954 na liko Kalenga. Ni mabaki ya mtu mwenye ukoo ulio hai, kwa hiyo lisiwe ufunguo wa pito. Vivyo hivyo misitu ya matambiko ya koo za Wanyakyusa, Wakinga au Wahehe: buni msitu wako, uupe jina lako. Salamu tumia. Kijana akifika kwa mzee wa Iringa akaanza na "kamwene" kabla ya kutaja shida yake, mlango utafunguka haraka kuliko kwa kafara yoyote utakayobuni.

Hatua ya 9: Kabla ya sura ya kwanza, andika daftari

Tengeneza ukurasa mmoja wa daftari la mvushaji wako wenye safu sita: tarehe, mteja, mzigo, pito, malipo, deni. Jaza mistari ishirini kwa mkono, bila kutafuta kisa. Mama wa viazi. Fundi cherehani na mashine yake. Mwanafunzi aliyechelewa kufungua shule. Mtu aliyelipa mara mbili ya bei ili asiandikwe, na mvushaji akaandika "hajaandikwa". Hakikisha kila pito linafuata mto unaojulikana, na kila bei ya kupanda inazidi ya kushuka.

Kisha mpe mtu wa huku ausome, mtu anayejua kwamba Chimala si Tukuyu. Usimuulize kama anapenda. Muulize ni mstari gani hauaminiki, kisha ufute. Iliyobaki, tafuta ule ambao safu ya deni imejazwa, safu ya malipo iko wazi, na jina la mteja linarudi tena chini ya ukurasa. Sura ya kwanza ianzie siku anaporudi.